Saa ya Jua Haijachelewa, Mwalimu

Simu ya juzi ilitoka kwa mwalimu mkuu mmoja upande wa Maseno. Salamu hata hazikuisha. "Fundi, ile saa yako ya jua inachelewa dakika arobaini nzima. Njoo uirekebishe." Simu hiyohiyo nimeshaipokea kutoka Kondele, Ahero na Kakamega, na sasa nimechoka kuijibu kwa mdomo.

Saa haijachelewa. Saa ya jua ni kibao chenye mistari ya saa na ukingo unaotupa kivuli juu yake, na iliyofungwa Kisumu inasoma jua la Kisumu. Simu yako inafuata jua la longitudo 45 mashariki, mstari usiogusa hata shamba moja la Kenya. Unapita kule karibu na Mogadishu. Sisi tuko longitudo 34.75. Dunia huzunguka digrii moja kwa dakika nne, basi piga hesabu: digrii 10 na robo ni dakika 41. Jua likifika kilele chake juu ya Kisumu, simu inasema saa sita na dakika 41. Mombasa limeshapita dakika 20 kabla. Saa ya simu ni makubaliano tu, tena si ya tangu jadi: enzi za ukoloni Kenya iliwahi kuitangulia Greenwich kwa saa mbili na nusu, kisha kwa saa mbili na dakika 45, ndipo zikaja kuwa tatu kamili.

Asiyeniamini asibishane nami, akatazame ratiba ya swala kwenye msikiti wowote hapa mjini. Adhuhuri huingia jua likishapinduka. Ni lini uliisikia adhana yake Kisumu saa sita kamili?

Tena hizo dakika 41 ni wastani. Njia ya dunia kulizunguka jua si duara kamili, na mhimili wake umeinama, kwa hivyo tofauti inacheza. Mwanzoni mwa Novemba hushuka hadi dakika 25 hivi. Katikati ya Februari hupanda hadi 55. Ndiyo maana kila kibao ninachofunga nakiachia jedwali la miezi, na ndiyo maana huniuma nikirudi nikalikuta limebandikwa tangazo la karo.

Kibaya zaidi ni dawa ya kienyeji: mwalimu anamwita mlinzi, wanageuza kibao mpaka kivuli kilingane na simu. Kinalingana dakika ile, basi. Msimu ukibadilika, asubuhi kinasema lake na jioni lake. Ukingo wa kutupa kivuli lazima uelekee kaskazini halisi, nami hutumia asubuhi nzima kuutafuta kwa timazi na kijiti. Ukitaka sana, nitakuchorea mistari yenye zile dakika 41 ndani yake. Nitachora nikiwa nimenuna, maana mstari wa saa sita hautaonyesha tena kilele cha jua, na hicho ndicho nilichodhani wanafunzi wanakuja kukitazama.

Wengine husema mistari nimeichora ovyo kwa kuwa haina nafasi sawa. Hapa ikweta ukingo hulala sambamba na ardhi, na mistari husimama sambamba, ila nafasi kati ya mmoja na mwingine huzidi kupanuka kadiri unavyoondoka katikati. Ukingo ukiwa sentimita 10 juu ya kibao, saa moja baada ya kilele kivuli kiko sentimita 2.7 pembeni, baada ya saa tatu ni 10, baada ya saa tano ni 37. Jua likigusa upeo kivuli hakina tena pa kuangukia. Kwa hiyo usiniombe mstari wa machweo.

Kwamba ikweta jua huwa utosini kila siku: hapana. Ni karibu na tarehe 20 Machi na 22 au 23 Septemba tu. Juni kivuli cha mchana huanguka kusini, Desemba kaskazini. Na kwamba huchomoza saa kumi na mbili kamili mwaka mzima? Kisumu kuchomoza huyumba kati ya saa kumi na mbili na dakika 20 na saa moja kasoro dakika 10 hivi. Amka mapema uone.

Na kuna mzee wa Milimani aliyeletewa na mwanawe saa ya jua ya shaba kutoka London, akaiweka juu ya nguzo ya saruji, ikawa pambo. Ile ilikatwa kwa latitudo ya 51. Mzee, haijaharibika. Iinamishe digrii 51, upande wa kaskazini uwe chini, ukingo wake ulale sambamba na ardhi, nayo itafanya kazi. Ila Desemba itapata mwanga kwa saa nane tu kwa siku, kama vile haijaondoka London.