Mzee ameacha kutoka nyumbani: maswali na majibu

Swali: Baba alikuwa mvuvi Igombe, Mwanza. Tangu auze mtumbwi haendi popote, ingawa haumwi. Kuna shida?

Jibu: Ipo. Wanaume wengi urafiki wao uko kazini: kuvuta nyavu, kusubiri bei ya dagaa mwaloni. Kazi ikiisha, hakuna pa kukutania. Akina mama wana vikoba na kwaya, hivyo uzee hauwatengi haraka. Mwaka 2025 Shirika la Afya Duniani lilieleza kuwa mtu 1 kati ya 6 duniani anaishi na upweke, na kwamba upweke unahusishwa na vifo takriban 871,000 kila mwaka. Unapodumu huongeza hatari ya maradhi ya moyo, kiharusi, sonona na kupoteza kumbukumbu.

Swali: Mbona nyumba imejaa wajukuu?

Jibu: Wajukuu ni baraka, lakini si rika lake. Meli ya MV Bukoba ilipozama Ziwa Victoria Mei 1996 wao walikuwa hawajazaliwa. Mzee mwenzake anajua nani hakurudi, hahitaji kusimuliwa.

Swali: Bao alilipenda sana. Sasa anasema kijiweni kuna kelele.

Jibu: Mpeleke apimwe masikio, tena mapema. Nawasihi sana katika hili, kwa sababu familia nyingi hudhani mzee amekuwa mkali au mwenye maringo. Asiyesikia vizuri huanza kwa kucheka wenzake wakicheka. Baadaye anakaa pembeni ya benchi na kikombe chake cha kahawa, mwisho haji kabisa, na hasemi sababu kwa kuona aibu. Pengine ni nta imeziba tu, na inatolewa kituo cha afya. Msimchokonoe kwa njiti. Pengine atahitaji kifaa cha kusikia. Macho nayo yaangaliwe, mtoto wa jicho anatibika.

Swali: Tuanzie wapi?

Jibu: Mlipieni bodaboda siku maalumu ya wiki akamwone rafiki yake wa Kirumba. "Siku moja uje" haimtoi mzee ndani. Wakiwa wote na presha, waende kliniki pamoja.

Swali: Lini tumpeleke hospitali?

Jibu: Akikosa usingizi, hamu ya kula au furaha kwa wiki 2. Wazee wetu hawasemi "nina huzuni", husema "mwili umechoka". Akitamka kwamba bora afe, nendeni siku hiyohiyo na msimwache peke yake.