Dirisha liko wapi? Nilichojifunza kwa Néstor Almendros

Kijana akija kwangu kujifunza kamera, swali lake la kwanza huwa: una taa ngapi? Mimi humwuliza dirisha liko wapi. Swali hilo nimelirithi kwa Néstor Almendros, Mhispania aliyepiga filamu kana kwamba umeme wa luku ananunua yeye.

Alizaliwa Barcelona mwaka 1930. Baba yake, mwalimu wa upande ulioshindwa katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, alikimbilia Cuba, naye akamfuata mwaka 1948. Baada ya mapinduzi ya Castro alipiga filamu fupi huko. Moja, ya watu wanaojipumzikia ufukweni tu, ikapigwa marufuku. Akahamia Paris, akabangaiza. Siku moja alikuwa mtazamaji kwenye seti ya mwongozaji Éric Rohmer, mpigapicha akasusa kazi na kuondoka. Almendros akasema, mimi naweza. Baadaye mwongozaji mwingine, François Truffaut, naye akamng'ang'ania.

Taa za studio enzi hizo zilipangwa ili nyota ang'are, hata kama yumo kwenye chumba chenye kidirisha kimoja. Almendros alitafuta kwanza mwanga halisi unaingilia wapi. Ukipungua aliuongeza kutoka upande uleule, akiudundisha kwenye kitu cheupe ulainike.

Mwaka 1976 mwongozaji Terrence Malick alimpeleka Alberta, Kanada, kupiga Days of Heaven, na sehemu kubwa ya filamu ikapigwa baada ya jua kuzama, kabla giza halijaingia. Hollywood huita muda huo saa ya maajabu, ila ni dakika 20 hivi. Kutwa kikosi kinangoja, na mafundi taa wananung'unika (nami nawaelewa: umeajiriwa kuwasha, unaambiwa zima). Jua likishuka, ni mbio. Mwanga ukififia anabadilisha lenzi, anaweka inayopitisha mwanga mwingi zaidi. Ukififia tena, anatoa kichujio, kile kioo cha mbele ya lenzi kinachokula mwanga. Mwisho kamera inashushwa kutoka fremu (picha moja moja) 24 kwa sekunde hadi 12, hata 8, ili kila fremu ikae kwenye mwanga muda mrefu zaidi. Waigizaji nao wanatembea taratibu, wasije wakaonekana wanakimbia kwenye skrini.

Kwetu pwani hali ni ngumu zaidi, maana jua la ikweta huzama wima na giza halichelewi. Mara ya kwanza nilipojaribu hivyo Bagamoyo, adhana ya Magharibi ilitukuta bado tunabishana nani asimame wapi. Siku hizi mazoezi yote namaliza alasiri.

Almendros hakuimaliza filamu ile: alikuwa ameshamwahidi Truffaut, hivyo mpigapicha Haskell Wexler akaja kupiga sehemu zilizobaki. Tuzo ya Oscar akapewa Almendros peke yake, na Wexler akaandikwa mpigaji wa picha za ziada. Nampenda Almendros, lakini hapo naona Wexler alipunjwa.

Almendros alifariki New York mwaka 1992. Mimi bado narudia kuitazama ile sehemu ya usiku ya Days of Heaven, nzige wamevamia ngano na watu wanapita shambani na chemli. Ndani ya chemli hamna utambi, mna balbu ndogo. Waya wake umepita ndani ya nguo za mwigizaji hadi kwenye betri iliyofungwa mwilini. Ukitazama uso wa anayeibeba, mwanga unatoka pale pale mkono wake ulipo.