Leslie Davis wa Harput: yanayodhaniwa na yaliyokuwa

Neno letu lenyewe hupotosha kidogo. Tukisema "balozi mdogo", msikilizaji humfikiria balozi wa daraja la chini, mtu wa karamu na hotuba. Leslie Davis, balozi mdogo wa Marekani huko Harput, mashariki mwa Anatolia (Uturuki ya leo), tangu 1914 hadi 1917, hakuwa msemaji wa rais wake mbele ya serikali ya Waturuki, yaani dola ya Uthmaniya. Kazi hiyo ilikuwa ya Henry Morgenthau, balozi aliyekaa Istanbul. Davis alikuwa mwanasheria kutoka jimbo la New York, aliyeingia katika utumishi huu mwaka 1912. Shughuli zake za kila siku zilikuwa pasipoti, hati na mihuri.

Wengine hudhani balozi mdogo huwekwa penye biashara tu. Kwa watu wa pwani yetu dhana hiyo inaeleweka: Marekani ilipofungua ofisi Zanzibar mwaka 1837, mwakilishi wake, Richard Waters wa Massachusetts, alikuwa pia mfanyabiashara. Lakini Harput ni mji wa milimani, mbali na bahari. Palihitajika ofisi kwa sababu wamisionari wa Kimarekani walikuwa na shule na hospitali huko, na kwa sababu Waarmenia wengi wa mji ule, watu wa jamii ya Kikristo ndani ya dola hiyo, walikuwa wamekwenda kufanya kazi viwandani Massachusetts, baadhi yao wakarudi nyumbani wakiwa raia wa Marekani.

Kisha ukaja mwaka 1915, katikati ya Vita vya Kwanza vya Dunia, serikali ya Uthmaniya ikawafukuza Waarmenia makwao na kuwaswaga safari ndefu kwa miguu. Hapa ndipo penye dhana inayoniuma kuliko zote: kwamba Waarmenia walikufa kwa njaa na uchovu wa safari, balaa la vita kama mabalaa mengine. Njaa na uchovu viliua wengi, ni kweli. Ila Davis alikwenda kujionea mwenyewe. Mwezi Septemba alipanda farasi akaenda hadi ziwa Gölcük, ambalo leo huitwa Hazar. Kando ya ziwa kuna mabonde membamba yenye kuta za mawe, na ndani ya mabonde hayo alikuta maiti zimelundikana, nyingi zikiwa za wanawake na watoto. Karibu zote zilikuwa uchi. Zilikuwa na majeraha ya singe, na baadhi zilikuwa zimechomwa moto. Aliambiwa kwamba wauaji walikuwa wakitafuta dhahabu ambayo watu walikuwa wameimeza. Baadaye alirudi tena pamoja na daktari mmisionari, Henry Atkinson, akapita sehemu nyingine za ufukwe. Alikadiria kuwa waliouawa kando ya ziwa lile hawakupungua 10,000. Watu hao waliletwa pale na askari wa serikali, wakauawa. Ndiyo maana tunasema mauaji ya kimbari.

Je, kinga ya kidiplomasia ilimwezesha kuokoa aliyemtaka? Hapana. Alichokuwa nacho ni nyumba kubwa yenye ukuta na bendera ya nchi ambayo wakati huo haikuwa vitani. Aliwaficha humo watu wapatao 80, wakalishwa na kulala humo miezi mingi, huku maofisa wa mji wakimtazama kwa jicho baya. Baadhi yao walivushwa kwa siri hadi Dersim, eneo la milima jirani, ambako Wakurdi waliwapitisha kuelekea upande wa jeshi la Urusi.

Wala hakuwa mtu aliyewapenda Waarmenia tangu mwanzo. Ripoti aliyoiandika baadaye ina maneno ya dharau kuhusu tabia zao, na yanachoma kuyasoma. Mimi naona ushahidi wake unapata uzito zaidi kwa sababu hiyo: aliwaandikia haki watu ambao hakuwasifu.

Yapo pia madai kwamba aliondoka kwa sababu Marekani iliitangazia vita dola ya Uthmaniya. Haikufanya hivyo kamwe. Uhusiano ulikatika Aprili 1917, ofisi ikafungwa, na mwezi uliofuata Davis akaanza safari ya kurudi kwao.

Mwaka 1918 aliwasilisha ripoti ndefu kwa Wizara ya Mambo ya Nje, Washington. Ilikaa kwenye nyaraka za serikali miongo mingi, hadi mtafiti Susan Blair alipoipata na kuitoa kama kitabu mwaka 1989. Davis alikuwa amefariki tangu 1960.