Kasi ya sauti Nairobi: soma kipimajoto, usihofie mwinuko

Nairobi iko takriban mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na wengi huamini kwamba sauti huku huenda polepole kuliko Mombasa kwa kuwa hewa yetu ni nyepesi. Polepole ni kweli, ila sababu siyo hiyo. Kanieneo (msukumo) ya hewa ikipungua, densiti (uzito wa hewa katika ujazo uleule) nayo hupungua kwa kiwango kilekile, na kasi hufuata uwiano wa hizo mbili. Kinachobaki ni joto: v = 331.3 + 0.6t, v ikiwa kasi na t ikiwa nyuzi za Selsiasi. Nyuzi 20 za Nairobi zinakupa mita 343 kwa sekunde. Nyuzi 30 za Mombasa, 349.

Kwa kupima, napendelea paipu kuliko mwangwi. Mwangwi wa ukuta ulio umbali wa mita 50 hurudi baada ya sekunde 0.29, na kidole kwenye saa huchelewa karibu sekunde 0.2.

Chukua paipu ya PVC ya sentimita 65, kipenyo cha ndani 3.6, pamoja na pipa la maji lenye kina cha sentimita 55 au zaidi. Tumbukiza paipu wima ndani ya maji. Gonga uma wa sauti (chuma chenye meno mawili kinachotoa mlio mmoja) wa mitetemo 512 kwa sekunde kwenye raba. Ukiugonga mezani utatoa milio mingine. Ushike juu ya mdomo wa paipu, kisha inua vyote viwili taratibu. Sauti itavuma kwa nguvu hewa ya ndani ikifika sentimita 15.7, halafu tena kwenye 49.2.

Wengi huishia kwenye 15.7, wakaichukua kuwa robo ya wimbi, wakazidisha kwa nne kisha kwa 512, wakapata mita 322 kwa sekunde. Kosa ni kwamba wimbi huchomoza nje ya mdomo kwa takriban 0.3 ya kipenyo, yaani sentimita 1.1. Toa kipimo cha kwanza kwenye cha pili na ziada hiyo inajifuta: 33.5 ni nusu ya wimbi, mara mbili ni 67.0, mara 512 ni mita 343 kwa sekunde.

Milimita moja ikikosewa katika tofauti hiyo, jibu linahama kwa mita 1 hivi. Kwa hiyo rudia kila kipimo mara tano, ukiishusha paipu na ukiinua. Kipimajoto kining'inie ndani ya paipu, kwani maji baridi ya asubuhi huipoza hewa iliyo juu yake. Unyevu wa maji hayo huongeza kasi kidogo, isiyofika mita 2 kwa sekunde.