Ukomo wa Mihula kwa Wabunge wa Majimbo ya Marekani: Miaka Mingapi, na Inahesabiwaje?

Msomaji wa Afrika Mashariki akisikia ukomo wa mihula, fikra zake huenda moja kwa moja Ikulu, na si ajabu, kwa kuwa katiba za Tanzania na Kenya humwekea rais mihula miwili ya miaka mitano mitano, ilhali mbunge anaruhusiwa kugombea kila uchaguzi hadi wapiga kura wake watakapomchoka. Nchini Marekani mjadala huu umewafikia pia watunga sheria. Majimbo 16 kati ya 50 yameweka ukomo kwa wajumbe wa mabunge yao ya majimbo. Wajumbe wa Kongresi, yaani bunge la taifa, hawamo, kwa sababu mwaka 1995 Mahakama Kuu ya nchi hiyo iliamua, kwa kura 5 dhidi ya 4, kwamba jimbo halina mamlaka ya kuwawekea wagombea wa Kongresi masharti yasiyomo katika Katiba ya nchi.

Wimbi lilianza mwaka 1990, wananchi wa Oklahoma, Colorado na California walipopitisha ukomo kwa kura zao wenyewe. California ndiyo iliyokaza kamba kuliko wenzake: miaka 6 katika baraza la chini la bunge la jimbo, miaka 8 katika Seneti, yaani baraza la juu, na aliyeimaliza haruhusiwi kurudi katika baraza hilo maisha yake yote. Wakati huo Spika wa baraza la chini alikuwa Willie Brown, ambaye alikuwa bungeni tangu miaka ya 1960 na alishika uspika kuanzia 1980 hadi 1995, na waliounga mkono ukomo walimtaja kama mfano wa kiti cha umma kinachogeuka kuwa mali ya anayekikalia. Hofu hiyo ilikuwa na msingi. Mbunge aliyekaa muda mrefu anajulikana kwa jina, ana wachangiaji wa kampeni, na ni nadra mgeni kumng'oa. Kasoro ni kwamba sheria hiyohiyo ilipunguza pia fedha za kuendeshea bunge, hivyo wataalamu wengi waliokuwa wakiwasaidia wabunge wakaondoka katika kipindi kilekile ambacho wabunge wazoefu walikuwa wakijiandaa kuondoka.

Tuitazame kalenda ya mbunge mpya wa jimbo hilo. Anachaguliwa Novemba na kuapishwa Desemba. Ifikapo tarehe 10 Januari gavana anapaswa kuwa amewasilisha bajeti, na kufikia tarehe 15 Juni bunge liwe limeipitisha. Kwa hiyo mtu ambaye hajatimiza miezi saba kazini anapiga kura juu ya fedha za shule, magereza, hospitali na barabara za jimbo lenye watu wengi kuliko yote nchini Marekani. Akitaka kujua kwa nini fungu fulani lilipunguzwa miaka minane iliyopita, atamuuliza nani? Mbunge mwenzake naye huenda ni mgeni. Anayejua ni ofisa wa serikali ya gavana, au mshawishi aliyelipwa na kampuni, ambaye ameshinda katika korido za bunge kwa miaka ishirini. Ukomo haumgusi yeyote kati ya hao wawili, na kwa maoni yangu hapo ndipo penye uzito wa suala hili: maarifa yanapotoka kwa mtu aliyechaguliwa hayapotei, bali huhamia kwa mtu ambaye mwananchi hana kura ya kumwondoa.

Uongozi wa bunge nao ulibadilika, kwa kuwa Spika hakuweza tena kukaa miaka mingi kama Brown. Antonio Villaraigosa alichaguliwa mara ya kwanza mwaka 1994, akawa Spika mwaka 1998, na mwaka 2000 muda wake ukaisha.

Wapiga kura wenyewe walirekebisha mambo. Mwaka 2012 California ilikubali jumla ya miaka 12, ambayo mbunge anaweza kuitumikia yote katika baraza moja. Michigan, iliyokuwa na ukomo wa miaka 6 na 8 tangu 1992, ilifuata njia hiyo mwaka 2022. Jumla ni ndogo kuliko ile 14 ya awali (6 katika baraza moja na 8 katika la pili), lakini mbunge anapata nafasi ya kuzijua kazi za kamati yake kabla ya kukabidhiwa uenyekiti, na naona ni mpango bora kuliko ule wa kwanza.

Jambo ambalo mpiga kura hulisahau ni neno "mfululizo". Katika jimbo la Maine, ambako Wakongo wengi wanaozungumza Kiswahili wamehamia, mjumbe haruhusiwi kuzidisha mihula minne mfululizo ya miaka miwili miwili katika baraza moja, lakini hakuna kinachomzuia kuhamia baraza la pili na baadaye kurejea. Nebraska, yenye bunge la baraza moja tu, iliweka mwaka 2000 ukomo wa mihula miwili mfululizo ya miaka minne, kisha mjumbe apumzike miaka minne. Ernie Chambers wa Omaha alikuwa amelitumikia bunge hilo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, na mwaka 2009 sheria ikamtoa. Mwaka 2012 aligombea tena, akamshinda aliyekuwa amekalia kiti hicho, akatumikia mihula miwili mingine, na Januari 2021 sheria ileile ikamtoa kwa mara ya pili.