Gari la familia katika simuleta ya mbio: utamu wake uko wapi?

Simuleta ya mbio ni programu inayokokotoa mwenendo wa gari halisi, yaani uzito wake, nguvu ya injini, ulaini wa springi na mshiko wa matairi, kisha ikamrudishia dereva majibu kupitia skrini na usukani unaokaza au kulegea mikononi. Anayesikia habari zake kwa mara ya kwanza hufikiria Ferrari, na hushangaa kumkuta mtu mzima akizungusha Toyota Aqua kwa saa nzima. Hata hivyo, ndivyo simuleta ya Gran Turismo 7 ya mwaka 2022 inavyoanza: mchezaji hupelekwa kwenye yadi ya magari yaliyotumika, akachague Aqua ya 2011, Honda Fit ya 2014 au Mazda Demio ya dizeli ya 2015, magari ambayo mkazi wa Nairobi hupishana nayo kila siku.

Utamu wa magari haya umo katika unyonge wake. Katika Aqua na Fit hizo, kama ilivyo katika magari mengi madogo ya familia, matairi ya mbele ndiyo yanayovuta na ndiyo yanayokata kona. Ukichelewa kufunga breki, pua huinama, matairi hayo huelemewa na kazi mbili kwa pamoja, na gari hukataa kona: unazidi kukata usukani, nao unakuwa mwepesi, huku gari likiserereka kuelekea nje. Dawa yake ni kurudisha usukani kidogo na kusubiri mpaka mshiko urudi. Yote haya hutokea polepole kiasi cha kuyasoma yakiwa bado yanatendeka, jambo ambalo gari la nguvu farasi 500 halikupi nafasi ya kulifanya.

Kisha huja gharama ya kosa. Katika barabara ya mbio ya Nordschleife, Ujerumani, yenye urefu wa kilomita 20.8, kona ya Bergwerk hufuatwa na mpando mrefu. Gari lenye nguvu likipoteza mwendo hapo, hukanyagwa mafuta na kosa likafichika. Aqua, yenye nguvu farasi 100 hivi, itaburuta kosa hilo mlima mzima. Kwa hiyo dereva hujifunza kutunza mwendo kuliko kuutafuta upya, na kwa maoni yangu hakuna somo la udereva linaloingia mwilini vizuri kuliko hilo.

Ninachosihi ni gari liachwe na matairi yake ya kawaida. Ukiifunga Fit matairi ya mbio, mshiko huizidi mno injini, kona nyingi hupitika bila kuachia mafuta, na ile kazi ya mikono iliyokuleta pale haipo tena.