Muziki wa filamu ndogo: yanayodhaniwa na yaliyopo

"Bila okestra hakuna muziki wa filamu." Dhana hii inawakatisha tamaa vijana wengi wenye kinanda na kompyuta tu, na haina ukweli. Mwongozaji John Carpenter alipotengeneza filamu ya kutisha ya Halloween mwaka 1978 kwa takriban dola 300,000, hela ya kulipa okestra haikuwepo. Akatunga mwenyewe, kwa piano na sinthesaiza, kwa siku 3 hivi. Wimbo mkuu unakwenda kwa mapigo 5 badala ya 4 tuliyoyazoea, mdundo aliofundishwa na baba yake kwa ngoma ndogo za bongo. Sikio linasubiri utulie, hautulii. Carpenter amesimulia kwamba ofisa wa kampuni kubwa aliyeitazama filamu hiyo kabla haijatiwa muziki hakuogopa hata kidogo.

"Mtunzi huitwa mwishoni, ajaze panapopwaya." Sivyo. Hukaa na mwongozaji wakaitazama filamu tukio kwa tukio, wakubaliane muziki uingie wapi, utoke wapi, na wapi pabaki kimya. Naamini fundi hujulikana hapo kwenye kimya. Katika Moonlight (2016), mwongozaji Barry Jenkins alipenda mtindo wa Houston wa kupunguza kasi ya nyimbo za rap hadi sauti zizame. Mtunzi wake, Nicholas Britell, akaandika kipande cha piano na fidla, kisha akakifanyia vivyo hivyo: mhusika anakua, na wimbo uleule unarudi mzito zaidi. Wawili hao waliendelea pamoja hadi tamthilia ya The Underground Railroad (2021). Kazi nyingi hupatikana hivyo, kwa mtu aliyekuamini mara ya kwanza.

"Mkataba wa dola 10,000 ni dola 10,000 mfukoni." Mara nyingi hilo ni fungu la jumla: wapigaji, studio na fundi mitambo wote hulipwa humo humo.

"Filamu ikijaza kumbi za sinema, mtunzi anavuna." Marekani, hapana. Tangu hukumu ya mahakama ya mwaka 1948, kumbi za huko hazilipi mrabaha wa muziki wa filamu, yaani malipo ya mtunzi kila kazi yake inapotumika, ingawa za Uingereza na Ufaransa hulipa. Huko Marekani mrabaha hutoka hasa televisheni, kupitia vyama vya kuukusanya kama ASCAP na BMI, navyo hutegemea karatasi moja: jina la kila kipande, mtunzi, mchapishaji, urefu kwa dakika na sekunde, na kama kilisikika nyuma ya mazungumzo au kilifungulia kipindi. Kuiwasilisha ni kazi ya mtayarishaji. Lakini filamu ndogo ikiisha watu hutawanyika, karatasi haifiki, na kipindi kinarushwa tena na tena huku mtunzi hapati hata senti. Hata hakimiliki ikiwa ya mtayarishaji, kama ilivyo kawaida huko, fungu la mtunzi katika mrabaha kwa kawaida hubaki lake asipokubali kulitoa kwenye mkataba. Basi aijaze karatasi hiyo mwenyewe siku anayokabidhi muziki, na abaki na nakala.